Ukurasa wa Albamu ya Kihindi: Je, Ni Kazi ya Kale au ni Nakala?

Swali: "Marehemu babu yangu alikuwa baharia, na katika miaka ya 1950 alirudi Mombasa kutoka Bombay akiwa na karatasi nene yenye picha. Upande mmoja kuna mfalme aliyesimama, uso wake umeelekea upande, ameshika ua, na nyuma ya kichwa chake pana duara la dhahabu. Kandokando kumechorwa maua ya rangi. Upande wa pili kuna maandishi ya herufi za Kiarabu yaliyoandikwa kwa mshazari. Mwalimu wetu wa madrasa alizitambua herufi, lakini akasema maneno si ya Kiarabu. Chini ya picha kuna mstari mdogo sana, na mtu mmoja alisoma humo jina Mansur. Mfanyabiashara wa vitu vya kale aliniambia kuwa ni bandia kwa sababu maandishi hayahusiani na picha, na kwa sababu karatasi imeunganishwa vipande vipande. Mwingine alisema ni ukurasa uliochanwa kitabuni, kwa hiyo hauna thamani. Kaka yangu anataka tuifute kwa kitambaa chenye unyevu, tuitie kwenye fremu na kuitundika sebuleni. Je, ni ya kweli? Ina thamani? Tuifanyeje?"

Ndugu msomaji, unauliza mambo matatu kwa pamoja: picha hii ni ya lini, ni ya nani, na ifanyweje. Nitayajibu yote, lakini la mwisho haliwezi kungoja, kwa hiyo naanza nalo. Tafadhali mwombe kaka yako asiifute picha kwa kitu chochote chenye unyevu, hata kitambaa kilichokamuliwa vizuri, na kwa sasa msiitie kwenye fremu. Sababu nitaieleza kwa kirefu hapo mbele, kwa kuwa mtu akishaijua sababu hahitaji kukatazwa mara mbili.

Sijaiona picha yenyewe, na asiyeiona hawezi kuitolea hukumu. Ninachoweza ni kukuonyesha, kati ya hoja ulizopewa, ipi ina uzito na ipi haina, kisha nikueleze jinsi kurasa za aina hii zilivyotengenezwa, ili wewe mwenyewe ujue la kutazama na la kumuuliza mtaalamu utakayekutana naye ana kwa ana.

Hoja ya mfanyabiashara haina msingi. Katika makasri ya wafalme wa Kimughali, nasaba ya Kiislamu iliyotawala India kuanzia karne ya 16, kulikuwa na aina mbili za kazi za uchoraji. Ya kwanza ilikuwa kitabu chenye kisa, ambacho picha zake zilifuata maneno yake. Ya pili ilikuwa albamu, ambayo wenyewe waliiita murakka: mkusanyo wa picha na vipande vya mwandiko mzuri vilivyotoka mahali mbalimbali, pengine vikiwa vimepishana kwa karne nzima, vikakatwa, vikapangwa upya na kubandikwa pamoja. Picha iliyochaguliwa ilikatwa ikawa mstatili, ikazungushiwa mistari ya dhahabu na rangi, kisha ikatiwa ndani ya pambizo pana lililochorwa na fundi mwingine. Upande wa pili wa ukurasa kilibandikwa kipande cha shairi la Kiajemi kwa mwandiko wa nastaliki, ambao mistari yake mara nyingi hupanda kwa mshazari. Waliopanga hivyo hawakukusudia shairi lieleze picha. Kwa wasomi wa zama zile mwandiko ulikuwa na hadhi kubwa kuliko uchoraji, na vipande vya Mir Ali wa Herat, mwandishi wa hati wa karne ya 16, vilitafutwa na wafalme kwa gharama kubwa. Mtu alipoifungua albamu alikuta picha mbili zikitazamana. Alipofunua ukurasa, alikuta miandiko miwili ikitazamana.

Kwa hiyo ukurasa wenye mfalme upande mmoja na mashairi upande wa pili, uliojengwa kwa vipande, uko kama unavyotakiwa kuwa. Jambo hilo halithibitishi kuwa ni wa kale, maana anayeghushi naye anaijua desturi hii vizuri. Linaondoa tu sababu aliyokupa yule mfanyabiashara, na linanifanya nishuku kwamba hajapata kushika kurasa nyingi za aina hii.

Aliyesema kuwa ukurasa umechanwa kitabuni amekaribia ukweli, ila amekosea alipohitimisha kuwa hauna thamani. Ili uelewe kwa nini kurasa hizi zimetapakaa duniani, inafaa ujue historia yake kidogo. Mfalme Humayun, aliyepoteza ufalme wake mwaka 1540, alikimbilia kwa Shah Tahmasp wa Uajemi, na huko akakutana na wachoraji wawili, Mir Sayyid Ali na Abd al-Samad, waliokuja kumtumikia Kabul na hatimaye India. Humayun alifariki mwaka 1556 baada ya kuanguka kwenye ngazi za maktaba yake huko Delhi. Mwanawe Akbar, ambaye alipenda kusomewa vitabu, aliwapa wageni hao karakana kubwa na kuwaunganisha na wachoraji wa Kihindi, wengi wao Wahindu, kama vile Basawan na Daswanth, mtoto wa mbeba machela. Kazi yao kubwa ya kwanza ilikuwa visa vya Hamza, ami yake Mtume, katika picha zipatazo 1,400 zilizochorwa juu ya kitambaa cha pamba, kila moja ikikaribia urefu wa sentimita 70. Ziliwachukua miaka kama 15. Leo zimebaki chini ya 200, na baadhi ya zilizoko London zilipatikana mwaka 1881 huko Srinagar, Kashmir, zikiwa zimetumiwa kuziba madirisha. Kama picha za mfalme mkuu ziliweza kuishia hapo, usishangae kwamba karatasi moja iliweza kuishia mikononi mwa baharia.

Chini ya Akbar picha moja ilipita mikononi mwa watu kadhaa: mmoja alichora umbo, mwingine alipaka rangi, na wakati mwingine wa tatu alimalizia nyuso. Mwanawe Jahangir, aliyetawala kuanzia 1605 hadi 1627, alipendelea picha chache zilizokamilishwa na mchoraji mmoja, na aliandika katika kumbukumbu zake kwamba aliweza kumtambua mchoraji kwa kutazama kazi tu, hata pale ambapo uso ulichorwa na mmoja na jicho na mwingine. Wakati wake ndipo albamu ilipopata heshima yake kamili. Shah Jahan, aliyemfuata, aliendeleza mtindo wa sura za wakuu waliosimama mbele ya usuli wa kijani au samawati, pamoja na pambizo zilizojaa maua ya rangi, kila ua limesimama kwenye shina lake kama linavyoota bustanini. Unachokieleza kinafuata mtindo huo. Nasema mtindo, sisemi tarehe, kwa sababu mtindo unaweza kuigwa miaka 200 baadaye.

Mwaka 1739 Nadir Shah wa Uajemi aliiteka Delhi na kupora hazina zake, na inaaminika kuwa albamu kadhaa za kifalme ziliondoka wakati huo. Moja iliyo maarufu sana, iitwayo Gulshan, imo hadi leo katika kasri la Golestan, Tehran. Nyingine zilibaki India, zikauzwa na kutolewa zawadi kwa maofisa wa Kiingereza, kisha zikagawanywa. Albamu iliyokuwa ya ukoo wa Minto wa Uingereza iligawanywa mwaka 1925 kati ya makumbusho ya Victoria and Albert ya London na mkusanyaji Chester Beatty, ambaye sehemu yake sasa imo Dublin. Ukurasa uliotengana na wenzake, basi, ndio hali ya kawaida ya sanaa hii. Makumbusho makubwa yamejaa kurasa za namna hiyo.

Sasa nije kwa jina la Mansur, ambalo najua limewapa matumaini. Ustadi Mansur alikuwa mchoraji wa Jahangir, aliyepewa lakabu ya Nadir al-Asr, yaani adimu wa zama zake, na sifa yake kubwa ilitokana na wanyama, ndege na maua. Kazi yake moja inatuhusu sisi wa upande huu wa bahari. Mwaka 1621 Jahangir aliletewa mnyama kutoka Uhabeshi, na wapo waliodhani kuwa mistari yake imepakwa rangi na mtu; mfalme akaandika kwamba baada ya kuchunguzwa ilibainika kuwa ni kazi ya Muumba. Alikuwa punda milia. Mansur alimchora akiwa amesimama peke yake, amefungwa kamba, na Jahangir mwenyewe akaandika pembeni ya picha habari za mnyama huyo na jina la mchoraji, kabla ya kumtuma punda milia yule kuwa zawadi kwa Shah Abbas wa Uajemi. Picha hiyo ilikuwa katika albamu ya Minto niliyoitaja, na ndani ya albamu hiyohiyo kulikuwa na picha ya Abu'l Hasan inayomwonyesha Jahangir akikitungua kwa mshale kichwa cha Malik Ambar, Mhabeshi aliyeuzwa utumwani, akapanda hadi kuwa mtawala halisi wa Ahmadnagar, ufalme mmoja wa India, na kuwazuia Wamughali kwa miaka mingi. Tukio hilo halikutokea kamwe. Jahangir hakuweza kumshinda vitani, kwa hiyo akamshinda juu ya karatasi. Ukipata nafasi ya kuziona picha hizo mbili, hata kwenye intaneti, zitazame kwa utulivu. Nadhani ni lango zuri kuliko yote kwa msomaji wa pwani yetu kuingia katika sanaa hii.

Lakini kwa swali lako, jina la Mansur chini ya sura ya mfalme linanipa mashaka zaidi ya furaha. Mchoraji wa kasri alipoandika jina lake, mara nyingi aliliandika kwa unyenyekevu, kwa herufi ndogo mno, mahali usipopatarajia: juu ya kiti cha miguu, kwenye jiwe, au pembeni mwa zulia. Majina mengine yaliandikwa na makarani wa maktaba ya mfalme, na hayo ni ushahidi mzuri. Mengi zaidi, hata hivyo, yaliongezwa baadaye na wamiliki au wauzaji waliolijua jina kubwa na kulitia palipofaa biashara, na Mansur ni miongoni mwa majina yaliyotumiwa sana kwa namna hiyo. Mtu aliyebobea katika wanyama anaweza kweli kuchora mfalme, kwa hiyo siwezi kusema haiwezekani. Nasema tu kwamba jina peke yake lisihesabiwe kuwa ushahidi, wala asikuuzie mtu ndoto kwa sababu yake.

Zaidi ya hapo, nakala za sanaa hii si jambo la jana. Mapema katika karne ya 19, wachoraji wa Delhi walitengeneza nakala nzuri sana za kurasa za Jahangir na Shah Jahan, pamoja na pambizo zake, mihuri yake na hata maandishi ya wafalme, na nakala hizo zikachanganywa na kurasa halisi ndani ya albamu moja ili ziuzwe kwa Wazungu. Mfano unaojulikana zaidi ni albamu iitwayo Kevorkian, yenye kurasa 50, ambazo sasa 41 zimo katika makumbusho ya Metropolitan, New York, na 9 zimo Washington. Iliibuka mwaka 1929 katika duka la vitu vya kale huko Scotland, mahali ambapo hakuna aliyeitarajia, na ndani yake kazi bora za karne ya 17 zilikuwa zimekaa bega kwa bega na nakala za karne ya 19. Wataalamu walihitaji muda mrefu kuzitenganisha. Baada ya nakala hizo zilifuata kazi za sokoni, zilizotengenezwa kwa ajili ya wasafiri, ambazo zinaendelea kutengenezwa leo Jaipur na Udaipur na mafundi wasiomdanganya mtu: wanachora juu ya karatasi kuukuu za hesabu na za mahakama, na mnunuzi ndiye anayejidanganya kwamba karatasi ya kale ina maana ya picha ya kale.

Kwa maelezo uliyonipa, basi, ninavyoona uwezekano mkubwa ni kwamba babu yako, Mwenyezi Mungu amrehemu, alinunua nakala: ama nakala nzuri ya karne ya 19, ama kazi ya sokoni ya karne ya 20. Mfalme wa sura ya upande, mwenye ua mkononi na duara la nuru kichwani, ndiye aliyenakiliwa kuliko wote, kwa sababu wanunuzi walimtaka. Ukurasa halisi wa karne ya 17 bado unawezekana, na kwa sababu hiyo mnapaswa kuutunza tangu leo kana kwamba ndio huo. Kisa cha Scotland kinatosha kutukumbusha kwamba mahali kitu kiliponunuliwa hapakiondolei uhalisi.

Yapo mambo mnayoweza kuyatazama wenyewe kwa lenzi ya kukuzia na mwanga wa mchana usio wa jua kali, bila kuigusa sehemu iliyochorwa. La kwanza kabisa ni kuangalia kama rangi imepakwa au imechapishwa, kwa kuwa picha nyingi zinazodhaniwa kuwa za kale ni chapa tu. Mkiona nukta ndogondogo zilizopangwa kwa utaratibu uleule kila mahali, uchunguzi umekwisha hapo. Rangi ya mkono huonyesha mapigo ya brashi, na katika kazi bora ndevu na nyusi huchorwa unywele mmoja mmoja kwa brashi ya manyoya ya kindi. Mtazame vilevile mistari mikuu ya umbo. Karakana zilihifadhi vielelezo vya ngozi nyembamba inayopitisha mwanga, vikatobolewa kandokando ya mistari na kupulizwa unga wa makaa, ili sura ileile irudiwe vizazi kwa vizazi. Wachoraji wa kasri nao walitumia njia hiyo, kwa hiyo safu ya vinukta vya makaa chini ya rangi si dhambi. Ila mstari unaositasita, wenye unene uleule usiopungua wala kuongezeka, ni dalili ya mkono unaofuata kielelezo bila kukielewa.

Jambo jingine linalowaponyoka wengi ni vazi. Katika kasri la Wamughali, kanzu ndefu iliyoitwa jama ilifungwa kwa vikamba chini ya kwapa, Mwislamu upande wa kulia na Mhindu upande wa kushoto. Kielelezo kikipinduliwa, uso unatazama upande mwingine na vikamba vinahama pamoja nao. Kama mfalme wenu amevaa jama iliyofungwa kushoto, basi ama si mfalme wa Kimughali, bali ni raja wa mojawapo ya falme za Rajasthan au za vilima vya Punjab zilizokuwa na wachoraji wao mashuhuri, ama ni nakala iliyofanywa na mtu asiyeijua desturi hiyo.

Kuhusu maandishi, mwalimu wenu wa madrasa amewasaidia zaidi ya alivyodhani. Mwombeni atazame kama zipo herufi zenye nukta tatu kwa sauti za p na ch, na kafu yenye mstari wa ziada juu yake, kama zile ambazo watu wa pwani nao walilazimika kuzibuni walipoandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Hizo zikiwapo, lugha huenda ikawa Kiajemi au Kiurdu. Kisha mtafuteni jirani anayesoma Kiurdu, ambacho hata leo huandikwa kwa nastaliki; Mombasa hamtamkosa. Hata asipojua Kiajemi, atawaambia kama mistari ina vina na kama maneno yamekamilika. Shairi fupi lililokamilika, lililozungukwa na mawingu madogo ya dhahabu, ni jambo la kutia moyo. Maandishi yaliyokatwa katikati ya sentensi, au herufi zinazofanana na maneno bila kuwa maneno, yana habari nyingine.

Vipimo vingine vinahitaji maabara. Rangi ya buluu ya wafalme ilitokana na jiwe la lapisi lazuli kutoka Badakhshan, katika Afghanistan ya leo, nyekundu ilitokana na zingifuri, nyeupe mara nyingi ilitokana na risasi, na nyeusi ilitokana na masizi. Buluu ya Prussia haikuwapo duniani kabla ya mwanzo wa karne ya 18, buluu bandia ya mfano wa lapisi iligunduliwa miaka ya 1820, na nyeupe ya titani ni ya karne ya 20. Zikipatikana katika sehemu ya asili ya picha, zinaweka mpaka wa tarehe ambao hakuna maneno yanayoweza kuuvuka. Mtaalamu makini atauliza kwanza kama rangi hiyo iliongezwa baadaye wakati wa kuziba palipoharibika, kwa sababu picha nyingi za kweli zimewahi kutiwa viraka vya rangi.

Narudi sasa kwa kitambaa cha kaka yako. Karatasi za albamu hujengwa kwa tabaka kadhaa zilizobandikwa kwa uji wa wanga, ndiyo maana unaihisi nene. Ilisuguliwa kwa jiwe la akiki hadi ikawa laini, umbo likachorwa, likapakwa utando mwembamba mweupe ulioruhusu mistari kuonekana, kisha rangi zikapakwa utando juu ya utando, na mara kwa mara picha ililazwa kifudifudi ikasuguliwa kwa nyuma ili rangi zishikane na kung'aa. Kilichoishikilia rangi yote hiyo ni gundi ya mgunga, na gundi hiyo huyeyuka kwa maji. Hata baada ya karne kadhaa unyevu unaweza kuilainisha, rangi ikahama na kitambaa, na mng'ao uliotokana na akiki ukafa mara moja. Hakuna mtaalamu duniani anayeweza kuurudisha. Uji wa wanga nao hulowa, tabaka zikaachana na ukurasa ukajikunja. Kuna hatari nyingine ambayo huwapata watu waangalifu zaidi: nyeupe ya risasi, ikikutana kwa muda mrefu na gesi zenye salfa zilizo hewani, huweza kugeuka nyeusi. Doa jeusi usoni mwa mfalme, ambalo kaka yako analiona kuwa uchafu, huenda ndilo nyeupe yenyewe ya mchoraji. Akilifuta, anafuta uso. Mkate, kifutio, mate, pamba na vimiminika vya kusafishia picha za rangi ya mafuta ni vilevile, vyote viachwe. Nje ya pambizo, vumbi lililolegea linaweza kuondolewa kwa brashi laini kavu, na hata hapo msikaribie maua.

Fremu ya kawaida ina madhara yake. Kioo kinapogusana na rangi katika joto la pwani, unyevu hunaswa katikati, kuvu huota, na rangi hunata kwenye kioo. Ubao wa nyuma hutoa asidi inayoichoma karatasi ikawa kahawia, mwanga wa kila siku hufifisha baadhi ya rangi, na upande wa maandishi hupotea machoni kabisa. Ninaelewa vizuri kwa nini kaka yako anataka kumbukumbu ya babu ionekane na wageni. Pigeni picha nzuri ya pande zote mbili, muichapishe kwa ukubwa uleule, na hiyo ndiyo itundikwe. Ukurasa wenyewe uwekwe katikati ya karatasi nyeupe zisizo na asidi, ndani ya jalada gumu, ulazwe katika sanduku mahali pakavu mbali na jiko, na mbali na ukuta wa upande wa bahari, palipoinuliwa kutoka sakafuni ili mchwa wasiufikie. Msiufunge ndani ya plastiki, msitie utepe wa gundi, na msikubali mtu aulaminishe.

Usingoje kumtafuta mhifadhi wa karatasi kama mnaona rangi inabanduka, kama kuna unga au madoa yenye manyoya ambayo ni kuvu, kama kuna vitundu vipya vya wadudu, au kama sehemu ya kijani imekuwa kahawia na kuanza kutoboka. Kijani kilichotengenezwa kwa kutu ya shaba hula karatasi polepole, na kazi hiyo si ya nyumbani. Anzeni na Makumbusho ya Taifa ya Kenya, ambayo kwa upande wenu yako Fort Jesus, mkaulize ni mhifadhi gani anayeshughulika na karatasi na miswada. Kwa kuutambua ukurasa, waandikieni wataalamu wa makumbusho yenye mikusanyo ya aina hii, kama Chhatrapati Shivaji Maharaj Vastu Sangrahalaya ya Mumbai (Bombay ya zamani), Victoria and Albert ya London au Aga Khan Museum ya Toronto, na mtume picha za pande zote, za pembe nne, na za karibu za uso, vikamba vya vazi na mstari ule mdogo. Mjue mapema kwamba makumbusho kwa kawaida hayatoi bei. Nyumba za mnada hutoa, lakini makadirio yao ni ya mtu anayetaka kuuza, nanyi hamjasema kuwa mnataka kuuza. Atakayewawekea fedha mezani siku hiyohiyo, msimwuzie.

Kama siku moja mtaamua kuuza, swali la kwanza mtakaloulizwa litahusu lini na vipi ukurasa uliondoka India. Sheria ya India ya mwaka 1972 inazuia kutoa nchini vitu vya sanaa vilivyotimiza miaka 100 bila idhini, na kabla yake kulikuwa na sheria ya 1947 iliyodai kibali. Makumbusho mengi hutaka uthibitisho kwamba kitu kilitoka kabla ya mkataba wa UNESCO wa mwaka 1970. Kwa hiyo karatasi za babu yenu zina uzito sawa na picha yenyewe: kitabu chake cha ubaharia chenye mihuri ya Bombay, barua alizoandika, risiti kama ipo, na picha yoyote ya zamani ya familia inayoonyesha ukurasa huo ukutani au mezani. Zikusanyeni zote mahali pamoja. Wazee wa ukoo wanaokumbuka alivyouleta waulizwe mapema, na maneno yao yaandikwe pamoja na majina yao na tarehe, kabla hamjamwandikia mtu yeyote wa nje.